Aliyechakazwa na kazi asidaiwe ushahidi

Anayetazama futiboli ya Kimarekani kwenye televisheni huwaona watu watano wa mstari wa mbele kwa muda mfupi mno. Kabla mchezo haujaanza wameinama katikati ya picha, migongo imelala kama meza, vidole vya mkono vimegusa nyasi. Aliye katikati yao, anayeitwa senta, ameushika chini ule mpira wenye umbo la yai, na kwa tendo moja la haraka anaupitisha katikati ya miguu yake hadi mikononi mwa kwotabeki aliyesimama nyuma yake. Kuanzia hapo kamera inaondoka. Inamfuata kwotabeki anayetafuta wa kumrushia, kisha inaufuata mpira angani hadi kwa anayeudaka. Wale watano wamebaki kule nyuma, kila mmoja amegongana na mtu mwenye uzito kama wake, kifua kwa kifua na mara nyingi kofia kwa kofia, na baada ya sekunde nne au tano wanajizoazoa na kurudi kujipanga. Kanuni zinawakataza kudaka pasi ya mbele, isipokuwa mmoja wao awe amejitambulisha kwanza kwa mwamuzi. Takwimu za kesho yake gazetini zinahesabu yadi, pasi na alama. Mtu wa mstari hutajwa pale tu alipofanya kosa lililoadhibiwa, au pale mpinzani aliyepaswa kumzuia alipompita na kumwangusha kwotabeki.

Wazee wetu walisema mzigo mzito mpe Mnyamwezi, na vijana wa mijini Tanzania siku hizi wanaiita Marekani Unyamwezini. Kwa watu hawa watano jina hilo limekaa mahali pake. Kama wapagazi wa misafara ya karne ya 19, wanaibeba mabegani safari ya mtu mwingine, na jina linaloandikwa ni la mwenye msafara. Ninalotaka kulijadili ni kinachowapata baada ya mzigo kutuliwa. Hoja yangu ni kwamba madhara yanayompata mtu wa mstari hayatokani na ajali iliyomkuta kazini. Yanatokana na kazi yenyewe, siku ambayo kila kitu kimekwenda kama kocha alivyopanga. Pigo linalomharibu halina tarehe wala shahidi. Kumdai aeleze lini na vipi aliumia ni kumdai kitu ambacho hata daktari bingwa hawezi kumpatia. Mzigo wa kuthibitisha unapaswa kuhamia kwa NFL, ligi iliyomtumia, na matunzo yake ya maisha yote yahesabiwe kuwa sehemu ya ujira aliokwisha kuufanyia kazi.

Hakuna maisha yanayoonyesha jambo hili waziwazi kuliko ya Mike Webster. Alizaliwa Tomahawk, katika jimbo la Wisconsin, mwaka 1952, akachezea chuo kikuu cha jimbo hilo, na mwaka 1974 akachaguliwa na Pittsburgh Steelers katika raundi ya tano, akiwa mtu wa 125 kwenye orodha. Waliomtangulia walikuwa wengi kwa sababu alionekana mdogo kwa nafasi ya senta: urefu wa sentimita 185 hivi na uzito ambao hata baada ya miaka ya kunyanyua vyuma haukupita sana kilo 115. Upungufu huo aliufidia kwa kazi. Alicheza misimu 17, 15 akiwa Pittsburgh na miwili ya mwisho akiwa Kansas City Chiefs, jumla ya mechi 245 za ligi. Alitwaa ubingwa wa Super Bowl mara nne na kuchaguliwa mara tisa kwenye Pro Bowl, mechi ya nyota wa ligi. Kwa karibu miaka kumi hakukosa kuanza mechi hata moja, hadi kiwiko kilipoteguka mwaka 1986. Watu wa Pittsburgh, mji uliojengwa kwa chuma cha pua, walimwita Iron Mike. Hata theluji ilipokuwa inaanguka aliikunja mikono ya jezi hadi juu ya misuli, mikono mitupu, na picha hiyo ndiyo mashabiki wa rika lake wanayoikumbuka kuliko yoyote.

Sasa tufanye hesabu ndogo. Timu inayoshambulia hucheza michezo 60 hivi katika mechi moja, na senta mzima wa afya hatoki uwanjani. Tukimhesabia Webster mechi 200 tu alizocheza kwa ukamilifu, hayo ni mapambano 12,000, na bado hatujagusa mechi za mtoano, miaka ya chuo, wala mazoezi ambayo enzi zake yalikuwa ya kugongana kila siku kwenye jua la Julai. Senta ana shida yake ya pekee: wakati anaupitisha mpira, mkono wake mmoja haupo, na aliye mbele yake anakuja kwa nguvu zote. Kinachotangulia kupokea ni paji la kofia. Mapigo hayo hayamwangushi mtu. Hakuna anayebebwa kwa machela, hakuna daktari anayekimbia uwanjani. Mwaka 2023 jarida la Nature Communications lilichapisha uchunguzi wa bongo za wachezaji 631 waliokufa, na matokeo yake yanapaswa kubandikwa ukutani katika kila ofisi ya mafao: idadi ya mitikisiko ya ubongo iliyotambuliwa na madaktari haikueleza nani aliugua na nani hakuugua. Kilichoeleza ni jumla ya nguvu zote ambazo kichwa kilipokea kwa miaka yote ya kucheza. Ni sawa na bawaba ya mlango. Huwezi kuonyesha siku ambayo mlango ulifunguliwa bawaba ikalika.

Webster alistaafu mwaka 1991. Ndani ya miaka michache mtu aliyekuwa akikariri mpango mzima wa mashambulizi na kuwaelekeza wenzake kabla ya kila mchezo alikuwa anapotea njia. Fedha zilimponyoka, ndoa ikavunjika. Kuna vipindi alilala ndani ya gari lake la pikapu, vipindi vingine kwenye stesheni ya treni ya Pittsburgh. Meno yalipomlegea aliyagandisha kwa gundi. Maumivu yalipomnyima usingizi alijipiga shoti kwa kifaa cha umeme cha kujihami ili apoteze fahamu na kulala. Mwaka 1999 alikamatwa kwa kughushi vyeti vya daktari ili apate Ritalin, dawa iliyomsaidia kukusanya mawazo. Katikati ya hayo yote, Julai 1997, aliingizwa kwenye ukumbi wa mashujaa wa mchezo huo, Canton, Ohio. Aliyemtambulisha ni Terry Bradshaw, kwotabeki aliyepokea mpira kutoka kwake kwa miaka mingi. Bradshaw alitoa mpira, akamwomba wafanye mara moja tena. Webster, mtu mzima wa miaka 45, akainama jukwaani mbele ya umati, Bradshaw akaweka mikono, na mpira ukapita sawasawa kama zamani. Kisha Webster akashika kipaza sauti kutoa hotuba yake, na hotuba ikarefuka, ikazunguka, ikapoteza mwanzo wake. Mwili ulikuwa unakumbuka kazi. Kilichoharibika ni kile kilichokuwa ndani ya kofia.

Mtu huyu alipoomba mafao ya ulemavu kutoka kwenye mfuko wa wastaafu wa ligi, unaosimamiwa kwa pamoja na wawakilishi wa wamiliki na wa chama cha wachezaji, mfuko haukukana ugonjwa. Mwaka 1999 bodi yake ilikubali kwamba Webster ana ulemavu kamili na wa kudumu, na ikakubali kwamba umetokana na majeraha ya kichwa aliyoyapata kama mchezaji. Ubishi ulibaki kwenye tarehe. Bodi ilisema ulemavu ulianza mwaka 1996, na kwa kuwa wakati huo alikuwa amekwisha kustaafu, alistahili kiwango kidogo cha malipo. Madaktari, akiwemo yule ambaye bodi yenyewe ilimteua amchunguze, walisema ulianza mwaka 1991 alipoacha kucheza, na hapo kiwango kingekuwa kikubwa. Kesi ilikwenda mahakamani. Desemba 2006 mahakama ya rufaa iliamua kwamba bodi ilikosea na warithi walipwe. Malipo yalizidi dola milioni moja na nusu. Webster alikuwa amekufa tangu Septemba 24, 2002, akiwa na miaka 50. Tazama kilichobishaniwa kwa miaka yote hiyo: si kama anaumwa, wala kama ni mpira uliomuumiza. Kilichobishaniwa ni siku. Na siku ndicho kitu ambacho ugonjwa wa namna hii hauna.

Mwili wake ulifikia meza ya Bennet Omalu, daktari kijana kutoka Nigeria aliyekuwa akifanya kazi katika ofisi ya uchunguzi wa vifo ya kaunti ya Allegheny. Moyo ndio uliosimama, na hilo lilitosha kufunga jalada. Omalu hakulifunga. Ubongo ulipotolewa ulionekana wa kawaida kwa macho, haukusinyaa wala haukuwa na kovu. Aliuhifadhi kwenye dawa, akaukata vipande vyembamba, akagharamia vipimo kwa fedha zake mwenyewe, na chini ya hadubini akaona protini inayoitwa tau imejikusanya mahali isipopaswa kuwa. Ugonjwa huo, unaojulikana kwa herufi CTE, ulikuwa jamaa wa ule uliotambuliwa kwa mabondia tangu mwaka 1928, lakini hakuna aliyekuwa ameuandika kwa mchezaji wa NFL. Makala yake ilitoka mwaka 2005 katika jarida la Neurosurgery. Ligi ilikuwa na kamati yake ya mitikisiko ya ubongo tangu mwaka 1994, iliyoongozwa kwa muda mrefu na daktari ambaye ubingwa wake ulikuwa magonjwa ya viungo na baridi yabisi. Wajumbe wa kamati hiyo waliliandikia jarida wakitaka makala ya Omalu iondolewe. Haikuondolewa. Mwaka uliofuata alichapisha mgonjwa wa pili, Terry Long, naye mtu wa mstari wa Steelers, aliyejiua akiwa na miaka 45. Ilipita miaka kumi zaidi, hadi Machi 2016, ndipo afisa wa juu wa ligi alipoulizwa mbele ya wabunge wa Marekani kama mchezo huo unahusiana na CTE, akajibu ndiyo.

Hapo ndipo fundo la jambo lilipo. Hadi leo CTE huthibitishwa kwa kuukata ubongo baada ya mtu kufa. Aliye hai anaweza kuwa na dalili zote, lakini hawezi kuleta cheti. Wachezaji wastaafu waliposhitaki kwa maelfu, ligi ilikubali mwaka 2013 kulipa dola milioni 765. Jaji akahofia hazitatosha, kikomo kikaondolewa, na mapatano yakaidhinishwa Aprili 22, 2015. Yamelipa tangu hapo zaidi ya dola bilioni moja, na sitaki kulidharau hilo, maana kuna nyumba zilizopata muuguzi kwa sababu yake. Lakini malipo ya CTE yenyewe yalihusu waliokufa kabla ya siku hiyo ya Aprili. Waliobaki hai walipaswa kupita kwenye vipimo vya akili vilivyogawa watu kwa madaraja, na kwa miaka kadhaa vipimo hivyo viliruhusu kuchukuliwa kwamba mchezaji mweusi alianza maisha na uwezo mdogo wa akili kuliko mweupe. Maana yake, ili aonekane amepungukiwa, mweusi alihitaji kupungukiwa zaidi. Ilibidi wastaafu wawili weusi wafungue kesi ndipo kipimo hicho kikaachwa, mwaka 2021. Utaratibu unaomdai mgonjwa ushahidi hautafuti ukweli tu. Unazaa watu ambao kazi yao ni kutafuta sababu ya kukataa, na wakitafuta sana watafika hadi kwenye rangi ya ngozi.

Njia nyingine ipo, na haikubuniwa mbali. Mwendo wa saa chache kwa gari kutoka uwanja wa Steelers kuna machimbo ya makaa ya mawe ya Pennsylvania na West Virginia. Novemba 1968 mgodi wa Farmington ulilipuka na kuua watu 78. Miezi michache baadaye wachimbaji wa West Virginia waligoma kwa maelfu, na walichokidai hakikuwa juu ya milipuko pekee. Walidai fidia ya mapafu meusi, ugonjwa wa vumbi ambao kila mchimbaji aliujua na kila kampuni iliukana. Vumbi nalo halina tarehe. Hakuna mchimbaji anayeweza kusema ni pumzi ipi, ya zamu ipi, katika mgodi wa kampuni ipi. Bunge la Marekani lilipitisha sheria mwaka 1969, na mwaka 1972 likaongeza kanuni ninayoiona kuwa ya haki kabisa: mtu aliyefanya kazi chini ya ardhi miaka 15 na sasa mapafu yake yamemlemaza atachukuliwa kuwa amelemazwa na kazi, na anayebisha ndiye alete ushahidi. Kanuni hiyo ilifutwa kwa maombi mapya miaka ya 1980 na ikarudishwa mwaka 2010. Wakili aliyempigania Webster alikuwa mtu wa Wheeling, West Virginia, ndani ya nchi hiyohiyo ya makaa. Ninachopendekeza ni kanuni hiyo ihamishwe kutoka mgodini hadi uwanjani: mtu aliyecheza kwenye mstari kwa idadi fulani ya misimu, kisha akapata shida ya akili, Parkinson au ugonjwa mwingine wa neva unaojulikana kuandamana na mapigo ya kichwa, atunzwe kwa gharama ya ligi hadi kufa kwake, na ligi ikiamini kuna sababu nyingine iilete yenyewe.

Ligi inajua kuwa jambo hili linawezekana kwa sababu imekwisha kulifanya kwa kipande. Mwaka 2007 ulianzishwa mpango ulioitwa 88, kwa heshima ya namba ya jezi ya John Mackey wa Baltimore Colts, aliyefikia mahali pa kuhitaji kulindwa mchana na usiku. Mpango huo unalipia matunzo ya wastaafu wenye shida ya akili, baadaye na magonjwa mengine machache, bila kumdai mgonjwa athibitishe kuwa ni mpira ndio uliomletea. Ligi haikufilisika. Kinachokosekana ni kuitoa huruma hiyo kwenye orodha ya misaada na kuiandika kama haki ya kazi, ianze mapema, pale mtu anapoanza kupoteza funguo na hasira zinapoanza kumzidi, na isisubiri hadi awe hawezi tena kuvaa shati. Leo mchezaji aliyetimiza misimu mitatu hubaki na bima ya afya ya ligi kwa miaka mitano baada ya kuacha kucheza. Magonjwa tunayoyazungumzia huchukua miaka kumi, 20 au zaidi kujitokeza. Bima inakoma kabla ugonjwa haujabisha hodi.

Wapo watakaosema: hawa ni watu wazima, walichagua wenyewe, na walilipwa mamilioni. Neno hili lina uzito na halifai kupuuzwa. Mwaka 2024 Tristan Wirfs wa Tampa Bay alitia saini mkataba wa miaka mitano wenye thamani ya zaidi ya dola milioni 140, na yeye ni mtu wa mstari. Lakini Wirfs ni kilele cha mlima. Kwa hesabu za chama cha wachezaji, maisha ya kazi ya mchezaji wa kawaida hayafiki miaka minne, na sehemu kubwa ya mikataba ya ligi hii haina uhakika: akiumia au akishuka kiwango, timu inaweza kumwacha na asilipwe fedha zilizobaki. Kuhusu kuchagua, mtu huchagua anachokijua. Waliotia saini kati ya 1994 na 2009 walifanya hivyo wakati mwajiri wao ana kamati ya mitikisiko ya ubongo, na makala za kitabibu ambazo kamati hiyo ilizichapisha zilisema hakuna dalili ya madhara ya kudumu. Hata anayejua yote leo, bado hoja ya mshahara haitoshi. Mchimba makaa naye alilipwa, na alijua kuna vumbi. Mshahara ni bei ya jasho la leo. Haukuwahi kuwa bei ya akili ya mtu akiwa na miaka 50, wala ya mkewe anayegeuka muuguzi bila kuombwa.

Pingamizi la pili ni la wanasayansi, na ndilo ninaloliheshimu zaidi. Chuo Kikuu cha Boston kilipotangaza mwaka 2017 kwamba bongo 110 kati ya 111 za wachezaji wa NFL zilikuwa na CTE, vichwa vya habari vilisomeka kana kwamba kila mchezaji anaugua. Si kweli, na watafiti wenyewe walionya. Bongo hizo zilitolewa na familia zilizokuwa zimeona dalili, na anayetafuta moshi kwenye nyumba zilizoungua hawezi kutuambia mji mzima una moto kiasi gani. Kwa hiyo tuuache uchunguzi huo pembeni, tuchukue ule wa taasisi ya serikali ya Marekani ya usalama kazini, uliofuata majina kutoka kwenye orodha ya pensheni bila kujali nani anaumwa. Mwaka 2012 taasisi hiyo iliripoti juu ya wachezaji 3,439 waliocheza misimu mitano au zaidi kati ya 1959 na 1988: vifo vinavyohusishwa na magonjwa ya kuoza kwa neva vilikuwa mara tatu ya vile vya Wamarekani wa kawaida. Ripoti hiyohiyo inaonyesha jambo linaloweza kutumika dhidi yangu: wachezaji wa nafasi za mbio walikufa kwa magonjwa hayo zaidi kuliko watu wa mstari. Nalikubali. Sijasema mtu wa mstari ndiye anayeumia kuliko wote. Nimesema jeraha lake ndilo gumu kuliko yote kulithibitisha. Anayegongwa akiwa katika mbio ana mkanda wa video, tarehe na dakika ya mchezo. Wa mstari ana mapambano 12,000 yanayofanana.

Na akili si yote. Taasisi hiyo iliripoti mwaka 1994 kwamba wachezaji kwa jumla waliishi muda mrefu kuliko Wamarekani wenzao, vifo vyao vikiwa pungufu kwa asilimia 46, habari njema ambayo ligi ina haki ya kuisema. Ila watu wa mstari, wa kushambulia na wa kulinda, walikuwa na hatari ya kufa kwa ugonjwa wa moyo iliyozidi ile ya umma kwa asilimia 52. Sababu haihitaji darubini. Uzito ni sharti la ajira yao. Webster aliyeonekana mdogo kwa kilo 115 leo asingepewa hata jaribio. Wastani wa mtu wa mstari umepita kilo 136, na kijana anayetaka nafasi hiyo anaamriwa kula mlo wa nne na wa tano hata kama tumbo limekataa. Mwajiri anayeagiza mwili wa aina fulani, akautumia miaka minne na kuurudisha mtaani ukiwa na kilo zake zote, hawezi kusema moyo uliosimama baadaye ni tabia binafsi za mlaji.

Tutaambiwa pia kwamba mchezo umebadilika. Umebadilika, na waliobadilisha wanastahili pongezi. Tangu mwaka 2011 mazoezi ya kugongana yamewekewa kikomo katika msimu, kanuni zinaadhibu anayetanguliza kofia, na mwaka 2022 watu wa mstari waliagizwa kuvaa mto laini juu ya kofia katika kambi za mazoezi. Lakini angalia kanuni nyingi mpya zinamlinda nani: kwotabeki, mdakaji aliye hewani, mpokeaji wa mpira uliopigwa mbali. Hao ndio ambao kamera inawaona wakianguka. Pale kwenye mstari umbali kati ya watu wawili ni ule wa urefu wa mpira, na mpira ukianza tu ni lazima wagongane, kwa kuwa kugongana huko ndiyo kazi waliyoajiriwa kuifanya. Huwezi kulipiga marufuku pigo hilo bila kuufuta mchezo. Ndiyo maana jibu la kweli kwa mtu wa mstari haliko kwenye kitabu cha kanuni. Liko kwenye mkataba.

Haya si mambo ya mbali na sisi kama yanavyoonekana. Mwaka 2013 Daniel Adongo, mchezaji wa raga kutoka Kenya, alisajiliwa na Indianapolis Colts na kuwa Mkenya wa kwanza kucheza NFL, ingawa si kwenye mstari. Miaka kumi baadaye ligi ilileta kambi yake Nairobi kutafuta vijana wenye miili mikubwa na miguu myepesi. Kijana atakayeonekana anaweza kubadilisha maisha ya ukoo mzima, na hakuna wa kumlaumu akienda. Wazazi wake wana haki ya kuuliza swali moja kabla ya saini: akirudi na miaka 45 na hakumbuki majina yetu, nani atamtunza, na nani atatakiwa kuthibitisha? Wachezaji wa zamani wa raga nchini Uingereza nao wako mahakamani kwa madai ya namna hii, akiwemo Steve Thompson aliyeshinda Kombe la Dunia mwaka 2003 na sasa hana kumbukumbu ya kulishinda. Alicheza nafasi ya katikati ya safu ya mbele kwenye skramu. Mashabiki wa raga wa Nairobi na Kampala wanaijua sehemu hiyo, na wanajua vichwa vinavyokutana pale.

Mkataba wa sasa kati ya wamiliki na chama cha wachezaji unafika hadi msimu wa 2030. Ulipitishwa Machi 2020 kwa kura za wachezaji 1,019 dhidi ya 959, tofauti ya kura 60, na ndio ulioruhusu msimu uongezwe kutoka mechi 16 hadi 17. Sasa kamishna wa ligi, Roger Goodell, amekwisha kulizungumzia waziwazi wazo la mechi ya 18. Ligi inayoingiza zaidi ya dola bilioni 20 kwa mwaka itataka kitu mezani, na chama kitakuwa na haki ya kutaka kitu kwa malipo yake. Kanuni ya wachimbaji iwe ya kwanza kwenye orodha hiyo, kabla ya asilimia za mapato na kabla ya nyongeza za mishahara ya nyota. Mechi ya 18 kwa kwotabeki ni pasi 30 na zaidi. Kwa senta ni kuinama tena mara 60, mkono mmoja kwenye mpira, na kuinua kichwa.